Sentensi ya 612

Nairobi, 15 Januari 2024

Mjomba,

Shikamoo. Huku tu wazima, ila vumbi la Januari limetuletea mafua sote. Mama alinipigia Jumapili kutoka Garsen. Goti lake bado linamsumbua, lakini kwaya haachi, na anasema kambare uliompelekea walifika salama. Najua simu huisikii vizuri siku hizi, na hata ulipokuwa ukiisikia ulikuwa ukisema mwenye jambo la maana aliandike. Haya, nimeandika.

Nimepata kazi mpya, Mjomba. Tunatunga kamusi ya Kiingereza kinachosemwa Kenya. Si kile cha Uingereza, ni hiki chetu kilicholala kitanda kimoja na Kiswahili na Kipokomo na Kiorma hadi kikaambukizwa. Mtu akitaka chai zaidi anasema "add me". Mtu akiondoka anakuambia "I am coming", na wewe unaelewa kwamba ataondoka kwanza. Hatusemi ni makosa. Tunasema nchi nzima inasema hivi, basi yaandikwe.

Shida ni ushahidi. Kila neno linataka sentensi ya kweli, na jina la aliyeisema, mahali na tarehe. Sentensi za magazetini tunazo, za watu wa kawaida wa miaka ya nyuma hatuna. Nikakumbuka daftari lako jeusi, lile uliloandikia makosa ya Kiingereza ya wanafunzi miaka ishirini na zaidi. Nilipomwambia mhariri wangu kwamba kuna mwalimu huko Wenje mwenye kitu kama hicho, alisimama.

Naomba uniazime. Nitalitunza kuliko simu yangu.

Ni mimi mpwa wako,
Lydia


Wenje, 9 Februari 2024

Mpwa wangu Lydia,

Marahaba. Barua yako ilikaa siku kumi na moja katika ofisi ya basi Garsen kwa sababu hukuandika jina langu lote. Wamejaa akina George hapa. Mimi sijambo. Maembe yamekwisha, ndizi zinaendelea, na nyani nao wanaendelea nazo.

Barua yako ina makosa manne. Nimeyapigia mstari mwekundu na kukurudishia. Mtu anayetunga kamusi hapaswi kusahau nukta.

Kuhusu daftari, halitatoka nyumbani kwangu. Nitanakili. Kadi tupu ulizofunga pamoja na barua nimeziona, zina safu tano: neno, sentensi, msemaji, mahali, tarehe. Daftari langu lina safu sita. Ya sita ni adhabu. Kamusi yenu naona haina pa kuiweka, kwa hiyo nitaiacha.

Lakini nataka ujue jambo moja kabla hamjanicheka huko. Katika shule ile ndogo ya ng'ambo ya mto, ambayo sasa ni vichaka vitupu, mimi sikumpiga mtoto hata mmoja. Wenzangu walikuwa na viboko na vibao vya kuvishwa shingoni. Mimi nilikuwa na maji. Kosa moja, mitungi miwili kutoka mtoni. Mtoto anajifunza, na shule inapata maji ya kunywa na ya bustani. Mkaguzi mmoja alinisifu kwa maandishi, na barua yake ninayo.

Sasa mnaniambia hayakuwa makosa. Nimekwisha kustaafu.

Nakutumia kadi mia tatu za kwanza. Msalimie mumeo James. Mwambie ndevu hizo anyoe.

Mjomba wako,
Mwl. George


Nairobi, 4 Machi 2024

Mjomba,

Shikamoo. James amesoma barua yako na amenyoa, sikutarajia. Mama naye anaendelea vizuri, ila amegombana na mtu wa kwaya na hataki kusema ni kwa nini.

Kadi zote mia saba zimefika, za kwanza na za mzigo wa pili. Ofisi nzima inazisoma. Kuna moja ya 1989 ambayo mtoto anamwambia mwenzake "extend a bit" ili asogee kwenye dawati, na ni ya zamani kuliko zote tulizo nazo. Kuna mhariri msaidizi, kijana wa Nakuru, anayeamini umebuni. Nilimwonyesha mwandiko wako, akarudi mezani kwake.

Sasa ninatafuta neno moja hasa, nalo ni "escort". Waingereza wanalitumia kwa askari na mfungwa. Sisi tumelivisha kusindikiza kwetu. Mgeni akiondoka unainuka, unatoka naye hadi barabarani, unarudi, na usipofanya hivyo atazungumza juu yako mwaka mzima. Ndiyo maana Mkenya anasema "escort me" hata akienda kituoni tu. Sentensi ya zamani zaidi tuliyo nayo ni ya 2004. Nina hakika daftari lako lina ya kabla ya hapo.

Nimepanga kadi zako zote kwa namba. Mjomba, 612 haipo. Ipo 611 ya tarehe 12 Novemba 1997, halafu 613 ya Februari 1998.

Unajua kwa nini nimeiangalia tarehe hiyo mara mbili. Dada Josephine alikufa maji tarehe 14.

Labda kadi ilidondoka tu. Nisaidie.

Lydia


Wenje, 30 Machi 2024

Mpwa wangu,

Marahaba. Mvua imeanza mapema huko juu, mto una rangi ya chai ya maziwa na unapanda. Watu wa Kilelengwani wamekwisha kuanza kuhamisha mpunga wao. Mimi nimeweka godoro juu ya dari, kama kila mwaka.

Barua yako haikuwa na makosa. Nimefurahi.

Kadi ya 612 hukuipata kwa sababu ukurasa huo uliliwa na mchwa. Neno lako litafute katika namba nyingine. Shule ilifungwa wakati ule kwa ajili ya mafuriko, ndiyo maana tarehe zimerukana.

Mwambie Mama yako atumie mafuta ya nyonyo kwenye goti.

Mwl. George


Nairobi, 20 Mei 2024

Mjomba,

Shikamoo. Nilikuandikia Aprili, barua ikarudi kutoka Garissa na alama ya tope. Basi lilikuwa limefika mahali barabara imekatika, likageuza. Ndipo nikasikia kwamba mko kwenye mahema, kisha nikasikia kwamba mmerudi. Mama alisema wewe ulikuwa mtu wa mwisho kupanda mtumbwi na ulikuwa na daftari kifuani ndani ya karatasi ya nailoni. Nimefurahi kwamba upo. Namaanisha.

Mama naye maji hayakumfikia. Lakini mmoja wa majirani zenu amemwambia kwamba makaburini misalaba yote ya mbao imekwenda. Ameamua ajenge ya saruji. Babu, bibi na baba yangu. Fundi Kiti ameshapewa majina.

Nilimuuliza: na Josephine? Akasema, "Yule hakuwa na msalaba wa mbao, sembuse wa saruji." Unajua anavyosema. Miaka ishirini na saba anasema hivyo hivyo, kwa sauti ile ile ya kuagiza sukari. Siku ile ya Ijumaa alimngojea Garsen, amempikia, malori yalikuwa bado yanapita, na mtoto badala ya kuja kwake akaenda kucheza mtoni ulikomkataza. Ndivyo ulivyomwambia Mama: "Nilimkataza, akakaidi." Mimi nilikuwa na miaka saba, na neno hilo ndilo nililolelewa nalo. Nikichelewa kurudi, mkaidi kama Josephine. Nikijibu, mkaidi kama Josephine. Hadi leo sijui kuogelea, Mjomba, na nimezaliwa kando ya Tana.

Nakuuliza mara ya pili na ya mwisho. Mchwa hawali mstari mmoja wakaacha wa juu na wa chini. Kadi ya 611 na ya 613 uliandika zinatoka ukurasa mmoja, namba ya ukurasa uliiandika mwenyewe pembeni, 88.

Sina hasira. Sina chochote, kusema kweli. Nataka tu kujua ukurasa wa 88 una nini.

Lydia


Wenje, 28 Juni 2024

Lydia,

Barua yako niliipata tarehe 2. Nimeiweka juu ya meza siku ishirini na sita nikila kando yake.

Ukurasa haukuliwa. Upo.

Ijumaa ile, tarehe 14, saa nane na nusu, nilikuwa nimesimama dirishani pa darasa la saba. Dada yako alikuwa amefunga vitabu vyake kwenye leso. Alimwambia rafiki yake Kadra kitu, na mimi nikakisikia. Nilimwita mbele. Nilimwambia arudie alichosema. Akarudia. Nikakiandika, namba 612. Nikaandika adhabu.

Alisema, "Mjomba, lori litaniacha." Nikamwambia shuleni mimi si mjomba. Kadra akainuka, akasema, "Mwalimu, nitamsaidia mtungi mmoja." Nikamwambia, "Kaa chini. Adhabu haigawanywi." Kadra akakaa.

Mto ulikuwa umejaa. Niliuona asubuhi. Watoto wengine wa wiki ile nilikuwa nimewasamehe maji, nikawapa kufagia. Yeye sikumsamehe kwa sababu alikuwa wa dada yangu, na sikutaka mzazi yeyote aseme napendelea wa nyumbani. Hiyo ndiyo sababu. Nimeitafuta nyingine miaka hii yote na hakuna.

Ukingo ulimeguka. Alikuwa ameshajaza mtungi wa kwanza, tuliukuta umesimama juu. Yeye tulimpata siku ya tatu.

Mama yako alipofika, aliniuliza neno moja tu: "Alikuwa anafanya nini mtoni?" Nami nikamjibu ulivyoandika. Niliposema hivyo nilidhani nitasahihisha baada ya mazishi. Halafu ikawa baada ya arobaini, halafu ikawa baada ya mwaka. Baadaye niliona ameshaizoea kauli ile, nami nimeizoea. Kila mwezi nampelekea kambare.

Tangu siku ile sikuagiza maji tena. Kuanzia 613 adhabu zote ni kufagia. Hakuna aliyeuliza kwa nini. Nilifundisha miaka kumi mingine, na kama ningeulizwa nilijisikiaje ningesema sijui. Nilikuwa nikienda na kurudi.

Sentensi yenyewe siwezi kuiandika leo.

G.


Nairobi, 22 Julai 2024

Mjomba,

Shikamoo. Nimeanza na shikamoo kwa sababu sijui kuanza vingine.

Niliisoma barua yako ofisini wakati wa chai. Sikulia. Nilimaliza andazi langu, nikarudi mezani, nikafanya kazi ya herufi F hadi saa kumi. James ananiambia tangu siku hiyo naitika tu. Nafikiri ni kweli. Nikijigusa naona ganzi, kama mguu uliokaliwa.

Sijamwambia Mama. Nilipiga simu mara mbili, nikauliza habari ya goti. Si kazi yangu kumwambia. Ni yako, na umechelewa, lakini bado yupo na wewe bado upo. Fundi Kiti atakuwa Wenje katikati ya Agosti, na Mama atakuja naye kusimamia. Atakaa siku moja tu.

Ukishamwambia, nitumie sentensi. Si kwa ajili ya kamusi, ingawa kamusi nayo inaitaka. Nimefikiri, Mjomba. Josephine hana picha hata moja isipokuwa ile ya darasa ambayo ameangalia pembeni. Hakuacha barua. Kila mtu aliyemjua anamkumbuka kwa neno lako, mkaidi. Maneno yake mwenyewe, kama yalivyotoka mdomoni mwake, yako mahali pamoja tu duniani, na wewe umeyafungia kabatini.

Usipomwambia hadi Agosti iishe, sitakuandikia tena. Sikutishi. Sitakuwa na la kuandika.

Lydia


Wenje, 19 Agosti 2024

Lydia,

Mama yako alikuja Alhamisi na fundi, na mifuko miwili ya saruji juu ya gari la mchele. Amekonda kidogo. Goti linamruhusu kutembea bila fimbo. Huku mto umerudi mahali pake, na mashamba yamebaki na udongo mzuri mweusi. Nimepanda mahindi na kunde.

Tulikaa chini ya paa la jikoni wakati Kiti anapima mashimo makaburini, pale nyuma ya nyumba. Nilikuwa nimepanga maneno tangu Julai. Nikayaacha. Nikaleta daftari, nikafungua ukurasa wa 88, nikamwekea magotini. Kiingereza hajui, lakini jina la mwanawe alilisoma. Akaweka kidole.

"Kaandikwa kwa nini?" akauliza.

Nikamwambia kwa nini. Nikamwambia yote, na habari ya Kadra, na mtungi uliobaki umesimama. Nikamwambia sikumkataza, nilimtuma. Sikuomba radhi hapo. Niliona ningekuwa namtwisha kazi ya kunijibu.

Kidole hakukiondoa hadi Kiti alipomaliza mashimo mawili. Kisha akauliza, "Alisema nini?"

Nikamsomea kwa Kiingereza. Akasema, "Niambie kwa lugha yangu."

Nikamwambia, "Alisema, Kadra, nisindikize hadi barabarani, halafu urudi."

"Barabarani?"

"Barabarani. Kwenye malori ya Garsen."

"Alikuwa anakuja kwangu."

"Alikuwa anakuja kwako, Maurine."

Akaniambia nimsomee tena. Nilimsomea mara sita au saba. Hakulia, nami sikulia. Tulikuwa kama watu wawili wanaongoja kuitwa hospitalini. Kisha akainuka, akaenda kwa Kiti, akamwambia achimbe shimo la nne.

Maji ya kukorogea saruji yalikuwa hayajaletwa. Kiti akasema atapiga simu pikipiki ilete. Mama yako akamwambia, "Wewe endelea. Mwalimu ataleta." Akaingia jikoni mwangu, akatoka na mitungi miwili, akaiweka mbele yangu.

Nilikwenda, mpwa wangu. Nina miaka sabini na sita. Kutoka makaburini hadi mtoni ni hatua mia nne na kumi, nimezihesabu. Nilijaza wa kwanza nikausimamisha juu, nikajaza wa pili. Nilipumzika mara tano njiani. Sijui mtoto wa miaka kumi na mitatu alikuwa akiibebaje. Niliwatuma watoto mamia kwa miaka mingi na sikuwahi kubeba mtungi hata mmoja.

Saruji ikakorogwa kwa maji yale. Kiti aliandika jina la Josephine kwa msumari kabla haijakauka, na tarehe mbili, na chini yake Mama yako akamwambia aandike ile sentensi. Kiti akauliza kwa lugha gani. Akasema, "Kama alivyosema yeye." Nikainakili kwenye karatasi, naye akaifuata herufi kwa herufi. Kwa hiyo ipo huko pia.

Kadi yako ni hii:

Neno: escort.
Sentensi: "Kadra, escort me up to the road, then you come back."
Msemaji: Josephine, mwanafunzi wa darasa la saba, miaka 13.
Mahali: ng'ambo ya Wenje, Tana River.
Tarehe: 14 Novemba 1997.

Daftari nalo limo katika kifurushi hiki. Lote, na safu ya sita. Sihitaji kurudishiwa.

Saa kumi jioni Mama yako alifunga leso yake kiunoni, akachukua mkoba, akasema gari la Garsen litapita sasa. Hakunywa chai yangu. Kambare niliokuwa nimemfungia aliwaacha mezani. Niliinuka nichukue viatu, kwa sababu tangu tuwe watoto hajawahi kuondoka kwangu bila kusindikizwa, hata mwaka tulipokuwa tumekosana kwa ajili ya shamba.

Akanitazama. Akasema, "Kaa chini."

Nikakaa.

Mjomba wako,
George